Umefanyiwa upasuaji wa diski kwa tundu dogo? Ndoo ya maji isubiri kwanza

Kidonda chenyewe kidogo tu, mara nyingi sentimita 2 hadi 3. Wengi huruhusiwa siku hiyohiyo au kesho yake, na yale maumivu ya kushuka mguuni yamepungua. Hapo ndipo mtu anajiona kapona. Kumbe ndani bado.

Kwa nini bado?

Diski hukaa kati ya pingili za mgongo na kufanya kazi kama shokapu ya gari. Ikipasuka, kiini chake hutokeza na kubana neva. Daktari huondoa kipande kilichotokeza tu. Diski iliyobaki ina ufa unaohitaji wiki kadhaa kufunga. Ngozi hufunga mapema zaidi, kama wiki 2, na ndiyo inayodanganya watu. Kiini kinaweza kutoka tena.

Mcheza gofu Tiger Woods alifanyiwa upasuaji wa aina hii Machi 2014, akarudi mashindanoni Juni. Septemba 2015 alirudi tena kwenye meza ya upasuaji, na 2017 akaunganishwa pingili.

Wiki 6 za mwanzo

Masharti hutofautiana kidogo, hivyo la daktari wako ndilo la kufuata. Kwa kawaida ni haya:

• Tembea: Anza mapema, dakika 5 hadi 10 mara kadhaa kwa siku, kisha ongeza taratibu. Kulala tu kutwa nzima sio dawa.

• Kukaa: Kila nusu saa inuka, jinyooshe.

• Kubeba: Mwisho kilo 2 hadi 5. Ndoo ya lita 20 ni kilo 20! Hata mtoto, kaa chini upakatishwe.

• Kuinama na kujipinda: Cha chini kiokote kwa kuchuchumaa. Kudeki, kufua na kulima waachie wengine.

• Safari: Bodaboda kwenye barabara ya mashimo, hapana. Usiendeshe gari ukiwa kwenye dawa kali za maumivu.

• Kazi: Za ofisini, wengi hurudi baada ya wiki 2 hadi 4. Za nguvu, wiki 6 hadi 12.

Ganzi kidogo mguuni isikutishe, neva hupona polepole.

Wahi hospitali ukiona

• Mkojo umegoma, au mkojo na choo vinatoka bila kujua
• Ganzi sehemu za siri na makalioni
• Mguu unazidi kuishiwa nguvu
• Homa, au kidonda kinatoa usaha au maji
• Kichwa kinauma sana ukisimama, kinatulia ukilala
• Mguu mmoja umevimba na kuuma

Dalili mbili za kwanza ni za dharura. Usisubiri kukuche.

Na nyumbani waambie mapema kwamba hutabeba maji kwa wiki 6. Kidonda hakionekani, wasije wakadhani unadeka.