Jicho Pevu na Faili Ambayo Haijafungwa (Sehemu ya Pili)

Sultan Hamud ni mji wa wapita njia. Dereva wa lori la Mombasa hushuka, huagiza chai na chapati, kisha huikodolea macho runinga iliyo juu ya kaunta. Katika hoteli kama hizo ndipo wengi wetu upande huu wa Makueni tulipomfuata Mohammed Ali, mzaliwa wa Isiolo, katika Jicho Pevu, kipindi cha uchunguzi cha runinga ya KTN. Meza zilinyamaza. Hata mwenye deni la chai alisahaulika.

Katika sehemu ya kwanza ya makala haya tulikuwa Uswidi, ambako Waziri Mkuu Olof Palme aliuawa mwaka 1986 na faili yake ikafungwa 2020, miaka 34 baadaye. Mtengenezaji filamu wa kule anayesimulia kisa kama hicho hufika damu imeshakauka: wapelelezi wamestaafu, nyaraka zimo kabatini. Wa kwetu hufika moshi ungali unafuka, na pengine anayeshukiwa ndiye mwenye bunduki na funguo za seli.

Chukua shambulio la jengo la maduka la Westgate, Nairobi. Watu 67 waliuawa Septemba 2013. Mwezi uliofuata, Ali na mwanahabari mwenzake John-Allan Namu walitoa makala yao kwa kutumia picha za kamera za usalama za jengo lile, zikiwamo za wanajeshi wakitoka na mifuko mkononi. Inspekta Jenerali wa Polisi David Kimaiyo akawatishia kuwachukulia hatua wanahabari hao. Picha zilikuwa za jengo, lakini lawama zikawa za msimulizi!

Ali alisimulia kwa Kiswahili cha barazani, akikata kisa pale kinapokolea ili urudi tena. Nakiri kwamba mara nyingine ngoma za taharuki zilivuma hadi ushahidi usisikike. Mwaka 2015 yeye, Namu na Kassim Mohamed walianzisha shirika la uanahabari wa uchunguzi la Africa Uncensored. Mwaka 2017 eneo bunge la Nyali likampeleka Ali bungeni akiwa mgombea huru. Namu alibaki na kamera.

Mbinu zimekua. Aprili 2025 BBC ilitoa filamu ya Blood Parliament, iliyochambua picha zaidi ya 5,000 kuwatambua maafisa waliowafyatulia risasi waandamanaji nje ya Bunge tarehe 25 Juni 2024. Siku chache baadaye, Mei 2, polisi waliwakamata jijini Nairobi watengenezaji filamu wanne kwa kuwashuku kuhusika nayo, wakabeba na vifaa vyao. BBC ikasema wanne hao hawakuwa na mkono wowote katika filamu ile.