Miji Minne ya Ken Burns

Kwenye karatasi, mpango ulikuwa mzuri. Mtengenezaji filamu Ken Burns na mwenzake Lynn Novick waliamua kusimulia kwa filamu Vita Kuu ya Pili ya Dunia kwa kuchagua miji minne tu ya Marekani: Waterbury, Mobile, Sacramento na Luverne. Hakuna profesa wa kutufafanulia mambo. Wangezungumza wale waliokwenda vitani na wale waliobaki nyumbani wakisubiri barua. Tena ilibidi kuharakisha, kwani kwa makadirio ya wakati huo wazee hao walikuwa wakifariki kama 1,000 kila siku.

Kuwaweka maprofesa kando kulilipa. Mzee aliyenyamaza miaka hamsini hafunguki kwa sababu taa zimewashwa. Huanza na vichekesho vya kambini na chakula kibaya, na mhojaji mwenye haraka huondoka na hayo hayo. Huko Luverne, mji mdogo wa wakulima, walimpata Quentin Aanenson, rubani wa ndege za kivita. Desemba 1944 alimwandikia mchumba wake, Jackie, barua ya kumweleza jinsi vita vilivyombadilisha, kisha akaona haifai kutumwa, akaiweka. Miaka ya 1990 alikuwa ameshatengeneza filamu yake mwenyewe ili familia ielewe. Burns alikuta mtu aliyekwisha kushindana na kimya chake. Bahati ya namna hiyo haina fungu kwenye bajeti ya mradi wowote.

Mwaka 2007, miezi michache kabla ya filamu hiyo, *The War*, kurushwa na PBS, televisheni ya umma ya Marekani, Maggie Rivas-Rodriguez wa Chuo Kikuu cha Texas, ambaye tangu 1999 alikuwa akikusanya kumbukumbu za wapiganaji wa Kilatino, aliuliza pamoja na wenzake: katika saa karibu 15, watu wetu wako wapi? Walatino waliopigana vita hivyo wanakadiriwa kufika hadi 500,000. Utetezi wa awali ulikuwa kwamba filamu haikudai kusimulia vita vyote. Sawa, lakini Sacramento iko California, na kumkosa Mlatino California kunahitaji bidii.

Shinikizo lilipozidi, ikaongezwa karibu nusu saa: wanajeshi wa Kilatino wa kikosi cha Marine, Bill Lansford na Pete Arias, pamoja na Joseph Medicine Crow, mwenyeji wa asili kutoka Montana. Hakuna kati yao aliyetoka kwenye miji minne, na masimulizi yao yamebandikwa mwishoni mwa baadhi ya sehemu. Kiraka kinaonekana. Hata hivyo, afadhali kiraka kuliko tundu.

Maktaba ya Bunge la Marekani nayo ina mradi wake wa kurekodi wapiganaji wa zamani, ulioanzishwa kwa sheria ya mwaka 2000, wenye utaratibu tofauti kabisa. Yeyote anaweza kumrekodi mzee wake kwa angalau dakika 30, na mazungumzo huhifadhiwa bila kukatwa. Mengi yanachosha, nakiri. Mjukuu anasoma maswali kwenye karatasi na babu anajibu ndiyo, hapana. Lakini humo hakuna anayeachwa kwa kuwa mji wake haukuchaguliwa. *The War* ilipokaribia kutoka, PBS na maktaba hiyo zilishirikiana kuwahimiza watazamaji wawarekodi wazee wa kwao. Filamu ilichukua miaka kama sita kutengenezwa. Kwa maoni yangu, wito huo ulipaswa kutolewa siku kamera ya kwanza ilipowashwa, wakati wengi wa wazee hao walikuwa bado hai.