Sufuria ya mjini na miti ya Ngara



Ukitoka daraja la Rusumo, pale Mto Kagera unapoitenganisha Tanzania na Rwanda, ukafuata barabara kuu kuelekea Biharamulo, hukawii kufika Benaco. Leo utaona maduka, nyumba za wageni na malori yaliyoegeshwa. Usipoambiwa, huwezi kujua kwamba hapo paliwahi kuwa na mji mkubwa ulioinuka ndani ya siku chache, kisha ukatoweka.

Tarehe 28 Aprili 1994, umati wa Wanyarwanda ulianza kuvuka daraja lile kuingia wilaya ya Ngara. Kwa muda wa saa 24 hivi walivuka watu zaidi ya 200,000. Kati yao walikuwamo wasio na hatia, na walikuwamo pia wenye damu mikononi. Wote walikuwa na njaa. Benaco ikajaa hadi wapo waliosema umekuwa mji wa pili wa Tanzania kwa wingi wa watu, ukiacha Dar es Salaam. Ulikuwa na masoko, vinyozi na ibada za Jumapili zilizofurika. Kila familia ilikuwa na chungu, na kila chungu kilitaka kuni.

Kambi nyingine zikafuata, kama Lumasi na Lukole. Shirika la Umoja wa Mataifa la Wakimbizi, UNHCR, lilikadiria kwamba kati ya 1994 na 1996 kambi za Kagera zilitumia zaidi ya tani 1,200 za kuni kwa siku, na kwamba kilometa za mraba 570 za misitu ziliathirika. Kwanza ziliisha kuni za karibu. Kisha kina mama na watoto wakawa wanatembea mbali zaidi kila wiki. Desemba 1996 Wanyarwanda walirudi kwao, vilima vikabaki na visiki.

Je, nani alitenda dhambi hapo? Mimi simhukumu mama aliyekata mti apikie wanawe. Alipewa mahindi na maharage, na maharage makavu hayaivi kwa sala. Ninachotaka tukione ni kwamba mji wowote unakula msitu. Benaco ulikula msitu uliokuwa mlangoni pake, kila mtu akaona. Miji yetu inakula msitu ulio mbali, ndiyo maana tunakula bila kushtuka.

Niruhusu nikiri jambo. Miaka kadhaa iliyopita, katika parokia moja ya mjini, nilihubiri kwa ukali dhidi ya uchomaji wa mkaa. Baada ya Misa, mfanyabiashara mmoja wa mkaa alinisubiri mlangoni mwa sakristia.

“Tumsifu Yesu Kristo, Baba Paroko.”

“Milele na milele, amina.”

“Mahubiri nimeyasikia, Baba. Ila lile gunia lililo jikoni kwako nililileta mimi, siku ya Ijumaa.”

Hakunikejeli. Alitaka tu kujua kwa nini dhambi niliyoihubiri ilikuwa yake peke yake. Sikuwa na jibu. Mama anayenunua mkaa kwa kopo hununua hivyo kwa sababu hana fedha ya kujaza mtungi wa gesi kwa mara moja. Mimi nilikuwa na uwezo huo, nikawa sijajishughulisha tu.

Tuliolelewa vijijini tukahamia mjini tuna kishawishi cha kudhani kwamba Mungu alibaki kule kwenye migomba na chemchemi. Maandiko hayasemi hivyo. Biblia inaanza katika bustani, lakini inamalizika katika mji. Na katikati ya mji huo, asema Yohane katika Ufunuo sura ya 22, unapita mto, na kando yake upo mti wa uzima ambao majani yake ni dawa kwa mataifa. Mji wa Mungu haukumfukuza mti.

Katika Kumbukumbu la Torati 20:19, hata jeshi linalouzingira mji linakatazwa kukata miti ya matunda. Kama vita haihalalishi shoka, je, uvivu wangu wa kutafuta nishati nyingine utahalalisha? Na Yeremia, sura ya 29, anawaambia watu waliohamishiwa Babeli wajenge, wapande bustani na kuuombea mji walimo. Bustani na sala vimewekwa pamoja. Papa Fransisko naye, katika waraka wake Laudato Si’ wa mwaka 2015, alitufundisha tusitenganishe maumivu ya mazingira na maumivu ya maskini.

Mapori ya akiba ya Biharamulo, Burigi na Kimisi, tangu 2019 ni Hifadhi ya Taifa ya Burigi-Chato. Tumshukuru Mungu. Lakini mpaka wa hifadhi peke yake hautoshi. Jikoni mjini pasipobadilika kitu, mkaa utatafuta msitu mwingine. Serikali ilielekeza taasisi zenye watu zaidi ya 100 ziache kuni na mkaa ifikapo mwisho wa Januari 2024, na mkakati wa taifa unataka asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi ya kupikia ifikapo 2034. Seminari zetu, shule zetu za bweni na vituo vyetu vya mafungo vimo katika agizo hilo. Tusisubiri kukaguliwa ndipo tutubu.

Kule kambini, wakimbizi walifundishwa mambo madogo: kuloweka maharage usiku kucha, kufunika sufuria, kujenga majiko ya udongo yanayotunza moto. Miti mingine ilitiwa alama isikatwe.

Basi, mpendwa msomaji, nakuomba leo uingie jikoni kwako kabla ya kulala. Uliza moto wako umetoka wapi. Kama una uwezo wa kubadili, badili. Kama huna, loweka maharage ya kesho na utafute mfuniko. Na wewe mwenye nacho, mwangalie jirani yako wa mkaa wa kopo: pengine mtungi wake wa kwanza utatoka mfukoni mwako.

Nakutakia Dominika njema.