Mshahara wa mcheza tenisi ya meza hutoka wapi?

Wengi wetu tenisi ya meza tuliikuta shuleni: meza moja, foleni ndefu, na raketi iliyokwisha banduka raba. Ni vigumu kuamini kwamba yupo mtu anayesomesha watoto wake kwa kupiga mpira wenye uzito wa gramu 2.7. Yupo, na safari ya Mnigeria Quadri Aruna inaonyesha jinsi kazi hiyo inavyokwenda.

Aruna alizaliwa Oyo mwaka 1988. Mwaka 2014 alifika robo fainali ya Kombe la Dunia mjini Düsseldorf, na Shirikisho la Kimataifa, ITTF, likamtangaza mchezaji bora wa mwaka kwa wanaume. Katika Olimpiki ya Rio mwaka 2016 alimtoa Mjerumani Timo Boll na kuwa Mwafrika wa kwanza kufika robo fainali ya mchezaji mmoja mmoja, ambako alisimamishwa na Ma Long wa China. Mwaka 2022 akawa Mwafrika wa kwanza kuingia katika kumi bora duniani.

Hayo ndiyo yaliyoandikwa magazetini. Kilichompa riziki ya kila mwezi ni klabu. Aruna alicheza Ureno, ikiwemo Sporting ya Lisbon, kisha akahamia Fulda katika Bundesliga ya Ujerumani. Klabu ndiye mwajiri: hutoa mkataba na mshahara na, lenye thamani kuliko yote, watu wa kufanya nao mazoezi. Mchezaji hawezi kupanda peke yake. Mpira unaozungushwa kwa nguvu hubadili mwelekeo ukigusa meza, na mpokeaji hana hata nusu sekunde ya kuamua auguse vipi. Jicho hilo hupatikana kwa kupokea maelfu ya mipira kutoka kwa wachezaji wanaokuzidi.

Jambo la pili, baada ya klabu, ni nafasi ya mchezaji katika orodha ya dunia. Huhesabiwa matokeo yake manane bora ya miezi 12 iliyopita, na kila tokeo hufutika mwaka ukitimia. Aliyefika robo fainali mwaka jana asipofanya vizuri mwaka huu, hushuka hata kama kiwango chake hakijapungua. Kwa hiyo yuko safarini kila mara, na nauli, hoteli na viza ni gharama. Asiye na mdhamini wala shirikisho lenye fedha huchagua mashindano machache, akakosa pointi, na akishuka hukutana mapema na vigogo.

Mbio hizo huwachosha hata mabingwa. Desemba 2024, Fan Zhendong na Chen Meng, mabingwa wa Olimpiki ya Paris, walitangaza kujiondoa katika orodha ya dunia wakilalamikia faini kwa wasioshiriki mashindano. Mwaka uliofuata Fan alijiunga na klabu ya Saarbrücken, Ujerumani. Tukio hilo linaonyesha uzito wa kila upande: jina likishajengeka, mchezaji anaweza kuishi bila orodha, lakini hawezi kuishi bila klabu.

Faida moja ya kazi hii ni kudumu. Boll alirudi namba moja duniani mwaka 2018 akiwa na miaka kama 37, na akastaafu mwaka 2025 akiwa na miaka 44. Mnigeria Segun Toriola alishiriki Olimpiki saba, kuanzia 1992 hadi 2016. Lakini anayedumu ni yule anayekubali kujifunza upya. Mpira uliongezwa kipenyo kutoka milimita 38 hadi 40 mwaka 2000, seti zikapunguzwa kutoka pointi 21 hadi 11 mwaka uliofuata, na mwaka 2014 plastiki mpya ikaanza kuchukua nafasi ya seluloidi. Kila mara mzunguko, kasi au mbinu ilibadilika.

Kwa mzazi au mwalimu mwenye mtoto anayeng'ara mezani, medali ya mkoa au ya taifa ni mwanzo tu. Mtafutieni wapinzani wanaomzidi, mpelekeni mashindano ya vijana ya kimataifa mapema, na ulizeni vilabu vya nje vinachagua wachezaji vipi. Kipaji kisicho na klabu hubaki burudani ya jioni.