Eliane Umuhire: Mwigizaji Aliyekataa Nafasi Moja

Waliokwenda kumwona Lupita Nyong'o katika A Quiet Place: Day One mwaka 2024 huenda hawakugundua kwamba humo yumo pia Mnyarwanda. Ni Eliane Umuhire, anayemwigiza Zena. Nafasi ni ndogo, filamu ni kubwa: viumbe wasioona wameivamia New York na wanawinda watu kwa kufuata sauti.

Stelingi hupewa saa nzima ya kujieleza. Mwigizaji wa nafasi za pembeni hupata dakika chache tu, na ndani yake lazima mtazamaji aamini kwamba huyu ana kwao, ana madeni, ana mtu anayemngoja. Katika filamu za kutisha au za kisayansi kazi inazidi ugumu, kwa sababu ulimwengu wenyewe ni wa kubuni. Sura za watu ndizo zinazoufanya usadikike.

Umuhire alisomea uhasibu katika chuo kikuu nchini Rwanda, jukwaa likamnasa huko huko. Jina lake lilivuka mipaka mwaka 2017 kwa filamu ya Kipolandi, Birds Are Singing in Kigali. Humo ni Claudine, msichana aliyenusurika mauaji ya kimbari ya mwaka 1994 dhidi ya Watutsi na kupelekwa Poland na mtafiti wa ndege. Yeye na Jowita Budnik wakagawana tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha la Karlovy Vary, Jamhuri ya Czech.

Tuzo ile ingeweza kumfunga. Kwa wazalishaji wa nje, Rwanda ilikuwa na hadithi moja tu, ya mauaji hayo, na hata hiyo waliisimulia kwa nyuso za wengine: waigizaji wakuu wa Hotel Rwanda ya mwaka 2004 walikuwa Don Cheadle na Sophie Okonedo, na sehemu kubwa yake ikapigwa Afrika Kusini. Umuhire mwenyewe alirudi 1994 katika Trees of Peace, iliyoingia Netflix mwaka 2022, akiwa Annick, mjamzito anayejificha na wanawake wengine watatu chini ya sakafu.

Mlango wa pili ulifunguliwa na filamu za ajabu-ajabu. Neptune Frost ya Saul Williams na Anisia Uzeyman, iliyoonyeshwa katika tamasha la Cannes mwaka 2021, ni muziki na sayansi ya kubuni kwa pamoja: wachimba madini ya koltani na wadukuzi wanaasi katika Burundi ya kufikirika, japo kamera zilikuwa Rwanda. Mavazi yaliyobandikwa vipande vya kompyuta ni ya mbunifu Mnyarwanda, Cedric Mizero. Umuhire ni Memory, na safari hii hakuna anayemhurumia. Miaka miwili baadaye mwongozaji Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi, akamwita kwenye Augure, hadithi ya watu wanaotuhumiwa uchawi nchini Kongo. Tshala, dada wa mhusika mkuu, anapenda atakavyo na anapanga kuhama; Umuhire anamwigiza bila kumwombea radhi. Ndiyo kazi yake bora, kwa maoni ya safu hii. Filamu hiyo ilipata tuzo ya sauti mpya katika kitengo cha Un Certain Regard huko Cannes.

Filamu fupi Bazigaga ya Jo Ingabire Moys, iliyoteuliwa kuwania tuzo ya BAFTA, inakutanisha njia zote mbili, ya 1994 na ya ajabu-ajabu. Mchungaji Mtutsi na bintiye wanakimbilia kibandani kwa mganga anayeogopwa na kijiji kizima. Chanzo cha mganga huyo, anayeigizwa na Umuhire, ni Zura Karuhimbi, aliyefariki mwaka 2018. Huyu aliwaokoa watu zaidi ya 100 kwa kujipaka mimea inayowasha ngozi, kisha kuwatisha wauaji kwa ghadhabu ya roho Nyabingi. Mwigizaji wa kawaida angemfanya bibi mtakatifu; Umuhire anamfanya mkali, mchovu, asiyependa wageni.

Anayetaka kumjua Umuhire asianze na Hollywood. Aanze na Augure, ambamo Kiswahili cha Kongo nacho kinasikika.