Eliza Carthy: Fidla na Fasihi Simulizi ya Waingereza

Tunapofundisha fasihi simulizi, baadhi ya wanafunzi hudhani kuwa ni mali ya Afrika pekee. Maisha ya Eliza Carthy, mwimbaji na mpiga fidla wa Uingereza, yanatuonyesha vinginevyo.

Eliza alizaliwa mwaka 1975 huko Scarborough, Yorkshire. Wazazi wake, Martin Carthy na Norma Waterson, walikuwa tayari waimbaji mashuhuri wa nyimbo za jadi, na baadaye aliimba nao katika kundi la Waterson:Carthy. Hivyo nyimbo hizo alizirithi nyumbani, kama mjukuu anavyorithi ngano kwa bibi yake.

Hata hivyo, kurithi si kukariri tu. Mwaka 1998 alitoa Red Rice, albamu ya sehemu mbili: moja ina midundo ya kisasa, nyingine inafuata zaidi mapigo ya jadi. Albamu hiyo na Anglicana ya mwaka 2002 ziliteuliwa kuwania tuzo ya Mercury. Mwaka 2014 alitunukiwa nishani ya MBE. Mama yake alifariki mwaka 2022, lakini nyimbo hazikuzikwa naye.

Tunaonelea mfano huu unafaa darasani. Fanani huipokea kazi, huibadilisha, kisha huipitisha kwa wengine. Jamii inayoogopa mabadiliko hubaki na nyimbo vitabuni tu, bila waimbaji. Tuwaulize basi wanafunzi wetu: ni wimbo gani wa nyumbani mnaoweza kuuimba leo?