Kicheko Hutuliza Maumivu, Hakiponyi Kisukari

Wasomaji wenye kisukari wamekuwa wakiuliza: je, ni kweli kucheka kila siku huondoa sukari? Dai lenyewe linatoka kwa wauza tiba wanaotaja "utafiti wa Japani". Utafiti huo upo, ila hausemi wanayoyasema. Mwaka 2003 watafiti waliwalisha watu 19 wenye kisukari cha aina ya pili mlo uleule kwa siku mbili. Siku moja walisikiliza mhadhara mkavu, nyingine wakatazama wachekeshaji. Sukari ilipanda siku zote mbili. Siku ya kicheko ilipanda kwa kiasi kidogo zaidi. Aliyepona hakuwepo.

Ushahidi wa kusisimua uko kwenye maumivu. Mwaka 2011 Robin Dunbar wa Chuo Kikuu cha Oxford na wenzake waliona kwamba watu wakishacheka kweli huvumilia maumivu zaidi kuliko kabla. Siri inaonekana kuwa kwenye pumzi. Kicheko cha kutoka tumboni husukuma hewa nje mfululizo bila nafasi ya kuvuta nyingine. Misuli ya mbavu, tumbo na kiwambo hukazana mpaka mtu anashika ubavu. Dunbar anaamini kazi hiyo ngumu ndiyo inayouchochea ubongo kumwaga endofini, kemikali zinazokamata vipokezi vilevile vinavyokamatwa na mofini. Mwaka 2017 wanasayansi wa Turku, Finland, walipiga picha za ubongo za wanaume waliotoka kucheka na rafiki zao, wakakuta dalili za umwagikaji huo. Tabasamu la adabu halikamui mbavu, kwa hiyo kwa maelezo hayo halitarajiwi kuleta nafuu hiyo.

Lakini si kila mzaha unamfaa mgonjwa. Mwanasaikolojia Rod Martin wa Kanada alitenganisha ucheshi unaompa mtu nguvu na ule wa kujidhalilisha, ambao huandamana na sonona na wasiwasi. Anayeiita sindano yake ya insulini "mwenye nyumba, kila jioni anadai chake" ameupunguza ugonjwa kimo. Anayecheka akisema "mimi mzigo tu, nizikeni mapema" aulizwe kwa upole analala vipi, na daktari aambiwe. Jirani naye asianzishe utani juu ya mguu uliokatwa. Hata Mzaramo na Mnyamwezi hutaniana kwa sababu utani wao umekubaliwa tangu enzi za mababu. Mgonjwa naye aachiwe aanze mwenyewe.

Basi cheka, na ucheke na watu. Mwenye pumu awe na dawa yake ya kuvuta karibu, maana kicheko kikali huweza kuamsha shambulio. Pima sukari, meza dawa, usiruke kliniki.

Na anayekuuzia kicheko badala ya insulini mkimbie. Kwa mwenye kisukari cha aina ya kwanza, kuikosa insulini kwa siku chache tu hujaza asidi kwenye damu, kisha koma, kisha kifo. Huyo muuzaji hatakuwepo wodini.